Rashidi Mfaume Kawawa: mshamba wa sinema aliyekuja kuwa Waziri Mkuu

Ukiwauliza wazee wa huku Chonyonyo habari za Rashidi Mfaume Kawawa, wengi watakutajia vita. Mwishoni mwa Oktoba 1978, majeshi ya Idi Amin yalipovuka mpaka na kuiteka sehemu ya nchi yetu iliyo kaskazini ya Mto Kagera, Kawawa ndiye aliyekuwa Waziri wa Ulinzi. Vijana wetu waliokwisha kufika Dar es Salaam wanalijua jina hilo kwa njia nyingine: ni ile barabara yenye foleni inayotoka Ilala, ikapita Magomeni na kuendelea hadi Kinondoni. Na wale waliosoma uraia darasani wanamkumbuka kama mtu aliyesimama nyuma ya Mwalimu Nyerere kwa miaka mingi bila kuchoka, akaitwa Simba wa Vita.

Lakini kuna Kawawa mwingine, na huyo ndiye tunayetaka kumsimulia leo. Kabla ya uwaziri, kabla hata ya siasa, watu wa Tanganyika walimwona mtu huyu kwenye kitambaa cheupe, usiku, akiigiza mshamba aliyeingia mjini na kufanywa mjinga. Walimcheka. Inaonekana kwamba kucheka kule ndiko kulikomfanya ajulikane.

Kawawa alizaliwa tarehe 27 Mei 1926 katika kijiji cha Matepwende, Songea, eneo ambalo leo liko katika Wilaya ya Namtumbo, Mkoa wa Ruvuma. Ukichukua ramani ya Tanzania, Chonyonyo na Matepwende ni kama pembe mbili za kitambaa zinazotazamana: sisi kaskazini-magharibi, wao kusini. Baba yake, Mzee Mfaume, alikuwa mwindaji wa tembo. Rashidi alikuwa kifungua mimba, na wadogo zake walikuwa wengi. Kwa mtoto wa kwanza wa familia kubwa, msomaji wetu hahitaji kuelezwa mengi: kabla hujajipangia maisha yako, umekwisha kupangiwa ya wadogo zako.

Alianza shule Liwale, akaendelea Dar es Salaam, kisha akafika Tabora, katika ile shule ya serikali iliyowapitisha vijana wengi waliokuja kuiongoza nchi. Wanaosimulia maisha yake hueleza kwamba angeweza kuendelea na masomo Makerere, akachagua kufanya kazi ili wadogo zake nao wasome. Tunalitaja jambo hili mapema kwa sababu linaeleza kitu kuhusu tabia yake. Hakuwa mtu wa kujitanguliza. Katika maisha yake yote kazi zake kubwa zilikuwa za kushika mahali ambapo mwingine ametoka, au kutekeleza jambo ambalo mwingine amelitangaza.

Baada ya Tabora alirudi Dar es Salaam, akawa karani wa hesabu katika idara ya serikali iliyoshughulikia ujenzi, halafu akahamia Idara ya Maendeleo ya Jamii. Hapo ndipo alipokutana na sinema.

Tukumbuke kwanza Dar es Salaam ilikuwa mji wa namna gani. Hesabu ya watu ya mwaka 1948 ilikuta wakazi takriban 69,000. Ile ya mwaka 1957 ikakuta zaidi ya 128,000. Yaani katika miaka tisa tu mji ulikaribia kuwa mara mbili. Walikuja kwa miguu, kwa malori na kwa treni, kutoka Uzaramo, Rufiji, Ungoni, Unyamwezi na kwingineko. Walikuja kutafuta kazi ya bandarini, ya nyumbani kwa Wazungu na Wahindi, ya kubeba mizigo. Wengi hawakuipata. Serikali ya kikoloni iliwaogopa. Iliwaita wahuni, polisi wakafanya misako, na waliokutwa hawana kazi wakarudishwa makwao kwa nguvu. Baada ya wiki chache wengi wao walikuwa wamekwisha kurudi tena mjini.

Njia ya pili ya kuwazuia ilikuwa kuwaonya kwa picha. Sinema ya mafunzo haikuwa jambo jipya katika nchi yetu. Kati ya mwaka 1935 na 1937 kulikuwa na mradi uliokaa Vugiri, katika milima ya Usambara karibu na Korogwe, uliotengeneza filamu fupi zipatazo 35 kwa ajili ya Waafrika wa Afrika Mashariki na Kati. Filamu hizo zilifundisha kulima chai, kujikinga na safura, kulipa kodi, na kuweka fedha benki ya posta badala ya kuzifukia ardhini. Zilizungushwa kwa lori. Mafundi walisimamisha kitambaa, wakawasha jenereta, na watu walijaa uwanjani kuona mtu akitembea ukutani. Zilisifiwa, lakini tukiri kwamba mtu hacheki kwa kutazama safura.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ilijaribu tena, safari hii kwa namna nyingine. Iliingia mkataba na kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg ili zitengenezwe filamu za hadithi, zenye waigizaji Waafrika, zikizungumza Kiswahili tangu mwanzo hadi mwisho. Ndipo karani yule kijana wa Idara ya Maendeleo ya Jamii alipochukuliwa kuwa mwigizaji mkuu. Filamu iliyompa jina ni Muhogo Mchungu. Nyingine aliyoigiza ni Meli Inakwenda. Zote ni za wakati huohuo, kabla hajafikisha miaka thelathini.

Jina lenyewe la Muhogo Mchungu linafaa kutazamwa. Sisi huku ni watu wa ndizi na maharage, na muhogo tunauheshimu zaidi mvua inapotukatalia. Lakini kule kusini alikotoka Kawawa, na pwani nzima, muhogo ni chakula cha kila siku, na kila mama anajua kwamba muhogo mchungu hauliwi hivihivi. Huloweshwa, hukaushwa, husagwa. Mwenye haraka akiutafuna mbichi, unamdhuru. Kwa hiyo mtazamaji alianza kuelewa hadithi kabla mashine haijawashwa: kuna kitu kinachofanana na chakula ambacho kitamdhuru mtu asiyekijua.

Na hadithi ni hiyo. Mtu wa shamba anaingia Dar es Salaam. Anashangaa. Wajanja wa mji wanamwona kwa mbali, kwa mwendo wake na kwa macho yake, wanajifanya marafiki, na wanamlia fedha zake. Katika Kiswahili cha leo tuna msemo unaoeleza filamu nzima kwa maneno mawili: aliingizwa mjini. Inastaajabisha kidogo kwamba lugha yetu imefanya kuingia mjini na kutapeliwa kuwa kitu kimoja. Na mji wenyewe tumeuita Bongo, maana anayeishi hapo anaishi kwa kutumia ubongo wake, na pengine kwa kutumia upungufu wa ubongo wa jirani yake.

Kichekesho cha namna hii hakikuzaliwa Dar es Salaam. Popote mji ulipokua haraka kuliko watu walivyoweza kuuzoea, sinema ilikikuta kikiwa tayari. Mfano ulio bora kuliko mingine tunauona Japani. Tetemeko la mwaka 1923 liliubomoa mji wa Tokyo, na ulipojengwa upya ulijaa reli za umeme, ofisi, mikahawa na watu wapya. Kampuni ya Shochiku ikaanza kutengeneza vichekesho kuhusu watu wadogo wa mji huo: makarani, wanafunzi, familia zilizohamia pembezoni ambako shamba na mtaa vinakutana. Bingwa wao alikuwa Ozu Yasujiro. Mwaka 1932 alitoa filamu isiyo na sauti iitwayo Umarete wa mita keredo. Ndani yake familia inahamia ukingoni mwa Tokyo, karibu na nyumba ya mkubwa wa kazi wa baba. Siku moja watoto wawili wa kiume wanaalikwa kwa huyo mkubwa kutazama picha alizopiga mwenyewe. Taa zinazimwa, na kwenye kitambaa anatokea baba yao akikunja uso, akicheza kama kichaa, ili bosi acheke. Watu wote wanacheka. Watoto wale hawacheki. Wanarudi nyumbani wakiwa na aibu, na wanagoma kula.

Sisi tunaona kwamba swali la watoto wale wa Tokyo linaweza kuulizwa pia juu ya Muhogo Mchungu. Yule mtu anayejifanya mjinga mbele ya kamera, anamfanyia nani? Aliyelipa gharama alikuwa mkoloni. Lengo lake halikufichwa: Mwafrika acheke, aogope, abaki kijijini alime. Na aliyeigiza ujinga alikuwa kijana aliyetoka Tabora, aliyeandika Kiingereza safi, aliyetunza hesabu za serikali, mwenye akili pengine kuliko wengi waliomwelekeza asimame wapi. Kwa mtazamo huo, Kawawa alikuwa yule baba wa Tokyo, anayekunja uso kumfurahisha mkubwa wa kazi.

Lakini mambo hayakwenda kama mkubwa wa kazi alivyotaka. Watazamaji waliokaa chini uwanjani hawakumwona mtu wa kudharauliwa. Walimwona mtu wao, kwenye kitambaa kikubwa, akizungumza lugha yao. Kwa miaka mingi waliokuwa wamezoea kuonekana katika sinema walikuwa Wazungu na Wahindi, na kama Mwafrika alionekana, alipita nyuma akibeba kitu. Sasa alikuwa katikati. Kila mmoja aliyewahi kushuka kwenye lori katika mji asioujua alijikumbuka mwenyewe. Onyo lilisahaulika upesi, kwa kuwa mji uliendelea kujaa. Kilichobaki ni uso, na uso ule ulikuwa na jina. Chama chochote cha siasa cha wakati ule, kisicho na redio wala magari ya kutosha, kingefurahi kuwa na mtu ambaye tayari anafahamika mahali ambapo bado hajafika.

Na Kawawa alikuwa anakaribia siasa, ingawa kwa hatua za taratibu. Mwaka 1953 serikali ilimpeleka Urambo, kule magharibi, kufanya kazi miongoni mwa Wakikuyu waliowekwa kizuizini kwa sababu ya vita vya Mau Mau. Ni vigumu kufikiri kwamba mtu anaweza kukaa na watu wa namna hiyo na kurudi akiwa yuleyule. Mwaka huohuo watumishi wa serikali walikatazwa kujiunga na vyama vya siasa. TANU ilipozaliwa mwaka 1954, Kawawa hakuweza kuingia waziwazi. Mlango uliobaki ulikuwa wa vyama vya wafanyakazi. Aliongoza chama cha watumishi wa serikali Waafrika, na mwaka 1955 vyama vilipoungana kuwa Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi Tanganyika, yaani TFL, yeye ndiye aliyekuwa katibu mkuu wake wa kwanza. Mwaka uliofuata aliacha kazi ya serikali. Aliacha mshahara wa uhakika, akiwa na mke na wadogo wa kusomesha, akaingia katika kazi ya kuwapanga makuli, wapishi na wafagizi.

Tutazame watu hao ni akina nani. Ni walewale walioonyeshwa katika filamu. Ni washamba walioingia mjini. Tofauti ni kwamba filamu iliwaambia warudi, na chama cha wafanyakazi kiliwaambia wakae, wadai mshahara unaotosha, na wasitukanwe. Miaka ya 1956 na 1957 iliona migomo mingi, na Kawawa alikuwa katikati yake. Mwigizaji wa Muhogo Mchungu aliwatetea akina Muhogo wa kweli. Kama maisha yake yangeishia hapo, hadithi ingekuwa nyepesi kuisimulia.

Hayakuishia hapo. Aliingia Baraza la Kutunga Sheria, akawa waziri mwaka 1960, na tarehe 22 Januari 1962, wiki sita tu baada ya Uhuru, Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu ili akakijenge chama, akamkabidhi Kawawa nchi. Alikuwa na miaka 35. Kwa karibu mwaka mzima, hadi Jamhuri ilipozaliwa tarehe 9 Desemba 1962, yeye ndiye aliyeiongoza serikali ya Tanganyika. Aliharakisha kuwaweka Waafrika katika nafasi za kazi zilizoshikwa na Waingereza. Na katika mwaka huohuo zilipitishwa sheria mbili ambazo hatuwezi kuziruka. Moja iliufanya mgomo kuwa jambo lisilowezekana kisheria ila kwa kupitia hatua ndefu za usuluhishi. Nyingine iliipa serikali uwezo wa kumweka mtu kizuizini bila kumfikisha mahakamani. Mwanzoni mwa mwaka 1963, baadhi ya viongozi wa vyama vya wafanyakazi walipelekwa kuishi Sumbawanga, mbali na wafanyakazi wao. Mwaka 1964 TFL yenyewe ilivunjwa, ikaundwa jumuiya moja iliyo chini ya chama.

Wapo wanaosema kwamba nchi changa haikuweza kuvumilia migomo, na hoja hiyo ina uzito wake: shule zilikuwa chache, hospitali chache, fedha hakuna. Lakini sisi tunadhani ilimpasa mtu wa asili ya Kawawa kuona alichokuwa anakifunga. Alijua kwa mikono yake mwenyewe kwamba mgomo ulikuwa sauti pekee ya mtu asiye na kitu mjini.

Kwa upande mwingine, jambo ambalo tunadaiwa shukrani kwake bila masharti ni lugha. Mwanzoni mwa mwaka 1967, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, Kawawa ndiye aliyetangaza kwamba shughuli zote za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili. Leo tunaliona jambo la kawaida. Wakati ule halikuwa hivyo. Mtu wa kijijini aliyefika ofisi ya serikali alikuta Kiingereza kimesimama mlangoni kama askari, na karani aliyekijua alikuwa na nguvu juu yake. Huku Karagwe, ambako mzee anazungumza Kinyambo nyumbani na Kiswahili amejifunza barabarani, ilikuwa mara ya kwanza kwa lugha ya barabarani kupewa kiti ofisini. Tunajiuliza kama yule aliyetoa agizo hilo hakukumbuka viwanja vya sinema, jinsi watu walivyonyamaza ghafla walipomsikia mtu wa kwenye kitambaa akizungumza wanachokielewa.

Sasa tunafika mahali pagumu zaidi. Mwezi Februari mwaka 1967 lilitoka Azimio la Arusha, na baada yake siasa ya vijiji vya ujamaa. Kwa maneno mafupi, serikali iliwataka watu wakae vijijini, walime pamoja, na wauache mji. Mwanzoni walishawishiwa. Mwaka 1972 Kawawa akawa Waziri Mkuu tena, hadi 1977. Mwaka 1973 kuishi katika vijiji kukageuka kuwa amri, na katika miaka mitatu iliyofuata mamilioni ya Watanzania walihamishwa kwenda vijiji vilivyopangwa, wengine kwa malori, wengine nyumba zao zikibomolewa ili wasirudi. Maji, shule na zahanati viliahidiwa, na sehemu nyingi vilifika, jambo ambalo wapinzani wa siasa ile husahau kulitaja. Lakini mashamba ya zamani yaliachwa. Mtu wa migomba anaelewa gharama yake: mahindi unaweza kuyapanda upya mwaka ujao popote, mgomba wa babu hauhamishwi kwa lori.

Mwaka 1983, Kawawa akiwa Katibu Mkuu wa Chama cha Mapinduzi, ilitungwa sheria ya nguvu kazi. Wasio na kazi mijini walikamatwa na kupelekwa vijijini. Misako ilirudi Dar es Salaam, karibu ileile ya miaka ya 1950, ila sasa waliopanga walikuwa Waafrika, na nia yao ilikuwa nyingine. Nyerere na Kawawa hawakuwa wanaogopa watu weusi mjini kama mkoloni alivyoogopa. Waliamini kweli kwamba kijiji ndicho chenye heshima, na kwamba mji unamla mtu. Ndiyo maana hatuwezi kuwaweka katika fungu moja na waliolipia Muhogo Mchungu.

Hata hivyo ujumbe ulikuwa uleule: rudi shambani. Na kwa mara ya pili mjumbe alikuwa yuleyule. Mara ya kwanza alijifanya mshamba, watu wakacheka, wakaenda mjini. Mara ya pili alizungumza kama serikali, hakuna aliyecheka, na bado watu wakaenda mjini. Tukipanda basi leo kutoka Kayanga, tukalala njiani na kushuka kituo cha Mbezi na mizigo yetu, tunakuta watu wanaotusubiri, wenye maneno matamu, wanaotujua kwa mwendo wetu.

Kuna jambo katika ile sinema ambalo sheria ya 1983 haikuwa nalo. Mtu anayeigiza mshamba analazimika kwanza kuingia ndani ya nguo zake. Ni lazima ajue anashangaa nini, anatamani nini, kwa nini anamwamini tapeli. Kawawa kijana alimjua Muhogo wake hata kama aliyelipa hakumjua. Mtu anayetunga amri haitwi kufanya hivyo. Anaona takwimu: wasio na kazi ni wangapi, malori ni mangapi. Pengine huo ndio mzigo wa madaraka yoyote, hata ya jimbo, ya parokia au ya shule. Sisi tunaoandaliwa kwa ajili ya kuongoza watu tunalisoma jambo hili polepole kidogo.

Tumrudie Waziri wa Ulinzi, kwa kuwa huku kwetu hatuwezi kumwacha bila kusema neno juu ya vita. Februari 1977 aliachia uwaziri mkuu kwa Edward Sokoine, akachukua ulinzi. Hakuna ushahidi kwamba alinuna kwa kushuka ngazi. Alifanya kazi aliyopewa, kama alivyofanya mwaka 1962 na kama alivyofanya baadaye katika chama. Mwaka uliofuata ndipo daraja la Kyaka lilipolipuliwa na watu wa ng'ambo ya mto wakawa wakimbizi katika nchi yao wenyewe. Jeshi lilisafirishwa kutoka kila pembe ya nchi hadi hapa pembeni, na raia wakatoa ng'ombe, ndizi na magari. Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili 1979. Mkoa wetu, uliokuwa ukiitwa Ziwa Magharibi, ukabadilishwa jina ukawa Kagera.

Wengi hupenda kueleza uhusiano wake na Nyerere kwa neno moja, utii, na wengine hulitamka kwa kejeli kidogo. Nyerere alikuwa Mkatoliki wa kusali kila siku, Kawawa alikuwa Mwislamu, na kwa zaidi ya miaka thelathini hakuna aliyeona ufa kati yao. Tusidharau jambo hilo. Tumeona nchi za jirani ambako Makamu na Rais wake hawakumaliza miaka mitano bila damu kumwagika. Kama Kawawa angekuwa na tamaa, nafasi alikuwa nayo mwaka 1962, nchi ikiwa mkononi mwake na Nyerere akiwa vijijini akizungumza na watu chini ya miti. Aliirudisha nchi kama alivyokabidhiwa. Mke wake, Sofia, naye aliongoza Umoja wa Wanawake wa Tanzania kwa miaka mingi, hadi watu wengine walilijua jina la Kawawa kwanza kwa ajili yake. Alifariki mwaka 1994.

Baada ya mwaka 1990 Mzee Kawawa hakuwa tena na cheo kikubwa. Wakati huo televisheni ilikuwa inaingia Tanzania Bara, na vichekesho vya mshamba mjini vikarudi kwa nguvu. Mzee Small na King Majuto walijipatia jina kwa kuigiza wazee wa shamba na watu wa kuja, na kanda zao zilifika mpaka vibanda vya Omurushaka, ambako kijana alilipa shilingi chache kukaa kwenye benchi. Wengi waliozicheka hawakujua kwamba kazi hiyo ilikuwa imewahi kufanywa na Waziri Mkuu.

Yeye mwenyewe aliishi miaka yake ya mwisho kwa utulivu, akitokea kwenye sherehe za taifa akiwa amevaa kofia yake, akishangiliwa na vijana ambao wazazi wao hawakuwa wamezaliwa wakati wa Muhogo Mchungu. Alifariki tarehe 31 Desemba 2009 katika Hospitali ya Taifa Muhimbili, akiwa na miaka 83. Mazishi yake yalikuwa ya kitaifa. Alizikwa tarehe 2 Januari 2010 shambani kwake Madale, nje kidogo ya Dar es Salaam, mahali ambapo siku zile palikuwa bado na mashamba, na ambapo sasa nyumba za mji zimekwisha kufika.